Mshahara wa Kapera: Jinsi Nairobi Ilivyojengewa Upweke

Mwaka 1954, kamati iliyoongozwa na F. W. Carpenter iliikabidhi serikali ya kikoloni ya Kenya ripoti kuhusu mishahara ya Waafrika. Ndani yake mlikuwa na jambo ambalo kila mfanyakazi wa Nairobi alilijua kwa tumbo lake, ila serikali ilikuwa haijapenda kulitamka: kima cha chini cha mshahara wa mjini kilipigiwa hesabu ya mtu mmoja. Chakula cha mtu mmoja, nguo za mtu mmoja, sabuni, kuni, kodi ya mahali pa kulala. Mke hakuwamo. Watoto hawakuwamo. Mama mzee aliyebaki shambani hakuwamo.

Kwenye karatasi, basi, mfanyakazi huyo alikuwa kapera. Maishani mwake mara nyingi alikuwa na mke Nyanza, Ukambani au Murang'a, na watoto aliowaona likizoni. Mshahara ndio uliomkaperesha.

Siku hizi tukiuzungumzia upweke wa mjini, twautaja kama hali ya hewa: umeletwa na maghorofa, simu na haraka za watu, na hakuna wa kuulizwa. Historia ya Nairobi yasimulia vingine. Hapa upweke ulikuwa na bajeti, ramani na saa zake, na kabla haujaitwa tatizo uliitwa utaratibu. Wale waliotiwa ndani ya utaratibu huo nao hawakukaa kimya. Siku kwa siku, kwa zamu za kupika, kwa michango ya mazishi na kwa mpira wa Jumapili, walijitengenezea kile ambacho mji uliwanyima, yaani watu wa kuwaulizia wasipoonekana.

Reli kutoka Mombasa ilifika kwenye kinamasi cha Nairobi mwishoni mwa Mei 1899. Mahali penyewe palipendwa na wahandisi kwa sababu za wahandisi: palikuwa tambarare, maji yalikuwa karibu, na mbele yake kulianza mlima ambao ungeitesa injini. Makao makuu ya reli yakahamishiwa hapo mwaka huohuo. Mwaka 1902 ukazuka ugonjwa wa tauni, na soko la Wahindi likachomwa moto kwa amri ya wakubwa wa afya. Mwaka 1905 serikali yenyewe ikahama kutoka Mombasa. Kambi ya mahema na mabati ikawa makao ya dola kabla haijawa mji.

Watu wa mwanzo walikuja kutoka kila upande. Wapo wapagazi waliozeeka kwa safari za bara, askari waliomaliza utumishi, wapishi na madobi, wachuuzi wa pwani, na wanawake waliokimbia njaa kubwa ya mwaka 1898 hadi 1900 au ndoa zisizokalika. Walijenga vijiji vyao pembezoni mwa mji: Pangani, Mombasa, Maskini, Kaburini, Kileleshwa. Kibera, upande wa kusini-magharibi, waliketi wanajeshi wa Kisudani na jamaa zao, ambao hata leo twawaita Wanubi.

Vijiji hivyo vilikuwa maskini, na nyumba zake zilikuwa za udongo, lakini vilikuwa na desturi iliyotoka pwani pamoja na Kiswahili. Mgeni aliyefika bila ndugu aliweza kupata ndugu. Akisilimu, alipewa jina jipya na jamaa wa kumsimamia. Akioa, walikuwapo wa kukaa upande wake harusini. Akifa, walikuwapo wa kumwosha, kumvisha sanda na kumzika kabla jua halijazama. Mwanamke aliyeachana na kwao huko Ukikuyu au Umasai aliweza kuanza maisha mapya Pangani akiwa na shoga wa kucheza naye ngoma ya lelemama na jirani wa kumshika mkono mgonjwa anapokata roho. Udugu wa namna hiyo haukutegemea damu. Ulitegemea kuonana kila siku: kisimani, msikitini, barazani.

Wakubwa wa serikali walipovitazama vijiji hivyo waliona uchafu na watu wasiohesabika. Nadharia yao ilikuwa kwamba Mwafrika hakai mjini, anapita. Aje afanye kazi, nguvu zikiisha arudi kwao alikotoka, na huko ndiko mkewe atalima chakula cha familia, watoto watalelewa na wazee watatunzwa. Tajiri wa mjini angelipa gharama ya mikono ya kazi peke yake, na gharama nyingine zote zingebebwa na shamba. Nadharia hiyo iliwafaa walowezi, iliifaa reli, na iliifaa serikali isiyotaka kujenga shule wala nyumba za familia.

Vyombo vya kuitekeleza viliundwa kimoja kimoja. Sheria ya kuandikisha wenyeji ilipitishwa mwaka 1915, na baada ya Vita Kuu ya Kwanza ikaanza kutumika kwa ukali. Kila mwanamume Mwafrika wa kuanzia miaka 16 alitakiwa kuwa na kipande chenye alama za vidole vyake, jina la tajiri wake na mshahara anaopata. Wengi walikivaa shingoni ndani ya kijaluba cha chuma. Mbele ya polisi wa Nairobi mtu alitambulika kwa mwajiri wake kabla ya kutambulika kwa baba yake. Aliyekuwa hana mwajiri alikuwa mzururaji.

Mwanzoni mwa miaka ya 1920 baraza la mji likaanzisha Pumwani, mahali palipotengwa rasmi kwa Waafrika, mashariki ya mto, mbali na vilima vya Wazungu. Viwanja vilikodishwa na watu wakajijengea. Wakati huohuo baraza likajipa haki ya peke yake ya kutengeneza na kuuza pombe ya kienyeji, kwa kuiga mfano wa Durban huko Afrika Kusini. Pombe ya nyumbani, ambayo ilikuwa riziki ya wanawake wengi na sababu ya watu kukutana uani, ikawa kosa la jinai. Kilabu cha baraza ndicho kikawa mahali halali pa kunywea, na faida yake ikagharimia huduma za wakazi haohao. Kapera aliyetoka kazini bila pa kwenda aliuziwa kikao, na pesa yake ikatumika kuendesha mtaa uliomfanya akose pa kwenda.

Lakini Pumwani ilifanya jambo ambalo waliopanga hawakulitarajia. Kwa kuwa watu walijijengea, sehemu kubwa ya nyumba iliingia mikononi mwa wanawake. Mtafiti Janet Bujra, aliyeandika juu ya Pumwani katika miaka ya 1970, aliwaeleza kama wajasiriamali wa mwanzo wa Nairobi: walipika pombe kwa siri, walifanya umalaya, walidunduliza, wakajenga, wakapangisha. Luise White, katika kitabu alichokitoa mwaka 1990 baada ya kuwahoji wazee wengi, alionyesha kwamba biashara yao haikuwa ya mwili tu. Malaya wa Pangani na Pumwani alikaa chumbani mwake akingoja. Mwanamume alipofika alipata chai, maji ya moto ya kuoga, pengine chakula, kitanda safi na mazungumzo. Ikipambazuka, alikunywa chai akaenda kazini. Alilipia vyote hivyo.

Kwa hesabu ya serikali, mshahara ulitosha mwanamume mmoja. Kile ambacho hesabu hiyo ilikiacha nje, mtu wa kukuwekea maji na kukuuliza siku ilikwendaje, kilikuwa na bei yake Pumwani, na wanawake hao waliijua bei hiyo kuliko mwanauchumi yeyote wa wakati wao. Wengi wao walisilimu. Waliopata mali waliirithisha kwa watoto wa kulea au kwa wenzao wa mjini badala ya ndugu wa kiume waliobaki kijijini. Walikuwa miongoni mwa watu wa kwanza kuamua kwamba Nairobi ndiyo kwao.

Pangani ilibomolewa mwishoni mwa miaka ya 1930, na wengi wa wakazi wake wakahamishiwa Shauri Moyo. Hapo mji ulianza kujengwa kwa mkono wa serikali zaidi kuliko wa wakazi. Reli ilikuwa tayari na landhi zake, yaani nyumba za wafanyakazi wake, huko Muthurwa. Zikafuata Ziwani na Kaloleni, na mitaa mingine ya baraza. Kaloleni ilijengwa kwa kufikiria familia, na ikawa na ukumbi na bustani, lakini vyumba vingi vya wakati ule vilikadiriwa kwa vitanda. Mtu alikodi nafasi ya kitanda ndani ya chumba cha wanaume watatu au wanne. Mkewe akija kumtembelea, wenzake walitafuta pa kulala kwingine, au mtu alilala naye nyuma ya pazia, na asubuhi wote wakajifanya hawakusikia kitu.

Sensa ya mwaka 1948 ilihesabu watu 118,976 Nairobi. Kati ya Waafrika, wanaume waliwazidi wanawake mara kadhaa.

Siku ya kazi ilianzia kwa miguu. Mabasi ya abiria yalikuwapo tangu 1934, lakini kwa mwenye mshahara mdogo nauli ya kila siku ilikuwa anasa. Alfajiri njia za kutoka Pumwani, Shauri Moyo na Ziwani zilijaa wanaume wakielekea karakana za reli, viwandani na majumbani kwa Wazungu. Jioni njia zilezile ziliwarudisha. Kisha ikaja zamu: leo wewe wasonga ugali, kesho mimi. Aliyejua kusoma aliwasomea wenzake barua zilizotoka nyumbani na kuwaandikia majibu, hivyo chumba kizima kikajua ng'ombe wa nani amekufa na mtoto wa nani ameanza shule. Kijana aliyefika kutafuta kazi alilala sakafuni hadi apate, na hakuna aliyemwuliza atakaa siku ngapi.

Mtu aweza kuuliza upweke ulikuwa wapi ndani ya chumba chenye watu wanne na mgeni sakafuni. Ulikuwa palepale. Mtu hakukosa watu, alikosa watu wake. Alikosa kuwa baba mbele ya mtoto na mume mbele ya mke, akawa na wanaume wenzake usiku na mchana, na saa za kazi zikawa ndizo saa za maisha yote. Kilichomwokoa ni kwamba ratiba ile ngumu ilikuwa ya pamoja. Asiporudi jioni, ugali wake ulibaki, na waliobaki nao waliulizana yuko wapi.

Kutokana na vyumba hivyo vilikua vyama vikubwa. Watu waliotoka lokesheni moja kijijini walianza kukutana Jumapili na kuchanga senti chache chache za maradhi na misiba. Vikundi viliungana, na vikazaa miungano ya kikabila yenye viongozi, vitabu vya hesabu na matawi. Uliojulikana zaidi ni Luo Union, ambao baadaye Oginga Odinga aliuongoza kwa cheo cha Ker, na matawi yake yakaenea katika miji ya Afrika Mashariki. Kazi yake nzito kuliko zote ilikuwa mazishi. Kufa Nairobi bila mtu wa kukujua lilikuwa jambo lililowatia watu hofu kuliko njaa, na chama kilimhakikishia mwanachama kwamba mwili wake ungepata wa kuuchangia na wa kuusindikiza.

Ulinzi huo ulikuwa na upande wa pili. Katika miaka ya 1940 miungano kadhaa, ya Waluo na ya Wakikuyu pia, iliendesha kampeni za kuwakamata wanawake walioishi mjini peke yao na kuwarudisha vijijini kwa nguvu, kwa hoja kwamba walikuwa wakiliaibisha kabila. Aliyekuulizia ukipotea ndiye pia aliyekuuliza ulikuwa wapi. Kwa mwanamume swali hilo lilikuwa faraja. Kwa mwanamke aliyekuja Nairobi kumkimbia mume au shemeji, lilikuwa mkono wa kijiji ukimfuata mpaka mlangoni. Wapo waliouchagua upweke kwa sababu hiyo, na walikuwa na haki yao.

Hata serikali ilianza kushtuka. Vita Kuu ya Pili ilipandisha bei za vyakula, na Januari 1947 wafanyakazi wa Mombasa waligoma, mji ukasimama. Chama chao, African Workers' Federation, kiliongozwa na Chege Kibachia, ambaye mwaka huohuo alikamatwa na kupelekwa mbali. Nairobi ilikuwa na ofisa wa mambo ya Waafrika, Tom Askwith, aliyepata kuipigia Uingereza makasia katika Olimpiki za 1932 na 1936. Askwith aliamini kwamba mji wahitaji kumbi, michezo na vikao vya watu. Alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa United Kenya Club mwaka 1946, mahali ambapo watu wa rangi zote waliweza kula meza moja, jambo lililokuwa la ajabu wakati huo. Lakini klabu haikuweza kurekebisha kilichovunjwa na mshahara.

Ndipo ukaja mwaka 1954 na mambo yake mawili. Kamati ya Carpenter ilisema mfanyakazi wa mjini alipwe, hatua kwa hatua, mshahara wa kutunza familia, ili atulie mjini na mkewe na watoto. Na tarehe 24 Aprili ya mwaka huohuo, Hali ya Hatari iliyotangazwa na serikali dhidi ya waasi ikiwa imepamba moto, majeshi yaliizingira Nairobi katika operesheni iliyoitwa Anvil. Mitaa ya mashariki ilifungwa, watu wakatolewa nyumbani na kazini, wakapangwa mistari. Makumi ya maelfu ya Wakikuyu, Waembu na Wameru walipelekwa kambini au kurudishwa mikoani mwao. Serikali ile ile iliandika kwamba mtu wa mjini anahitaji familia yake, na papo hapo ikazitawanya familia kwa malori. Vitanda vilivyobaki vitupu vilichukuliwa na wengine, wengi wao wakiwa Waluo, Waluhya na Wakamba.

Marjorie Oludhe Macgoye aliuchagua wakati huohuo katika riwaya yake *Coming to Birth*, iliyotoka mwaka 1986. Paulina, msichana wa miaka 16, anashuka kwenye garimoshi Nairobi mwaka 1956 kumfuata mumewe Martin huko Pumwani. Baada ya muda mfupi anapotea njia akitoka hospitali, katika mji wenye vizuizi na polisi, asioujua wala kuijua lugha yake. Wasomaji wengi wamekumbuka tukio hilo kwa kuwa linaonyesha kitu ambacho sensa haikukiona. Mwanamume alikuja mjini akapokewa na chumba kizima cha wanaume. Mkewe alipokuja hatimaye, alimkuta mume mmoja aliyekuwa kazini mchana kutwa, na mlango wa jirani ambao hakujua kuubisha.

Hali ya Hatari iliondolewa Januari 1960, na uhuru ukaja 1963. Wanawake na watoto wakaja mjini kwa wingi ambao hakuna sheria ingeuzuia. Sensa ya 1969 ilihesabu watu 509,286. Mji wa makapera ulikuwa unageuka kuwa mji wa watu, na ulihitaji adabu mpya za kuishi na wasiojuana. Mwaka 1966 Leonard Mambo Mbotela alianza kipindi chake cha redio cha "Je, Huu ni Ungwana?", na kwa miongo mingi Wakenya walikaa kumsikiliza akiuliza kama ni ungwana kumfanyia jirani hivi au mgeni vile. Vipindi vya salamu navyo vilijaa kadi za wasikilizaji. Kutajwa jina redioni, pamoja na majina ya jamaa wote wa nyumbani, kulikuwa namna ya kuthibitisha kwamba bado upo na bado unakumbukwa.

Mpira uliifanya kazi hiyo kila wiki. Abaluhya ilianzishwa mwaka 1964 na Gor Mahia mwaka 1968, na timu hizi ziliota katika udongo uleule wa vyama vya watu wa nyumbani. Shabiki hakuenda uwanjani kwa ajili ya mabao peke yake. Alikwenda kukutana na watu wa kwao, kusikia nani amefiwa na nani anatafuta mtu wa kazi, na Jumatatu alirudi kiwandani akiwa na cha kusimulia. Mwaka 1980 serikali ilipiga marufuku vyama vya kikabila, Luo Union ukiwamo, na timu nyingi zikatakiwa kubadili majina. Abaluhya ikawa AFC Leopards. Sababu ya serikali ilikuwa umoja wa taifa, na ukabila ulikuwa hatari ya kweli. Ila hakuna aliyesimama kuuliza kazi za vyama hivyo, za kumwulizia mgonjwa na kumzika maiti, zitashikwa na nani. Zilishikwa na yeyote aliyeweza: makanisa na misikiti, kamati za mazishi zilizokutana jioni katika kumbi na hoteli, na vyama vya akina mama vya kuchangiana, ambavyo Kenya nzima yaviita chama bila kuhitaji kusema cha nini.

Nyumba nazo zilikuwa na historia yao. Katika miaka ya 1970 zilijengwa Buruburu na Umoja, na Dandora ikaanzishwa kwa mkopo wa Benki ya Dunia: serikali ilitoa kiwanja, maji na choo, mwenyewe akajenga vyumba. Waliopewa viwanja waliongeza vyumba vya kupangisha, na wenye pesa wakajifunza kwamba chumba kimoja kimoja ndicho chenye faida kuliko nyumba ya familia. Kutoka hapo hadi maghorofa ya Huruma, Zimmerman na Pipeline ilikuwa ni hatua. Marie Huchzermeyer, katika kitabu chake cha 2011, aliyalinganisha na nyumba za kupanga za Berlin ya karne ya 19: majengo yaliyobanana, ukumbi mwembamba katikati, milango pande zote mbili, chumba cha hatua chache kwa kila mlango, bomba na choo mwisho wa ukumbi.

Ukikitazama chumba hicho kwa makini utaitambua hesabu ya zamani. Ni nafasi ya kitanda ya miaka ya 1940 iliyopewa mlango na kufuli. Hakuna sheria leo inayomkataza mpangaji kumleta mkewe, na hakuna polisi wa kumwuliza kipande. Kodi inatosha. Sensa ya 2019 ilihesabu watu 4,397,073 Nairobi, na wastani wa watu katika kila kaya ulikuwa 2.9, wakati wastani wa nchi nzima ulikuwa 3.9. Kaya za hapa ni ndogo. Mario Schmidt, aliyewafuatilia vijana waliohamia Pipeline katika kitabu alichokitoa mwaka 2024, alikuta neno moja midomoni mwao: presha. Presha ya kodi, ya karo, ya mke anayetarajia na wazazi wanaongoja. Walitafuta nafuu kwa wanaume wenzao, jimu na baa, kama babu zao walivyoitafuta Kaloleni.

Kilichobadilika ni mahali swali linapoulizwa. Tangu Machi 2007 mtu aweza kutuma pesa nyumbani kwa M-Pesa bila kumwomba dereva wa basi la Kisumu azibebe bahasha. Hakuna ajuaye faida ya jambo hilo kuliko mama anayepokea karo ndani ya dakika moja. Lakini safari ya kwenda stendi kumtafuta dereva ilikuwa pia safari ya kukutana na watu. Harambee za mazishi zimehamia kwenye makundi ya WhatsApp, na michango inafika haraka kuliko zamani. Mtu aweza kuwa mwanachama wa makundi matano, akachangia misiba mitatu kwa mwezi, na akaugua siku nne bila jirani wa ukuta wa pili kujua. Anayepita mlangoni kwake bila kukosa ni keateka, msimamizi wa jengo, na huja kudai kodi mwezi ukiisha.

Wapo wanaosema upweke ni maradhi ya Ulaya, sisi tuna jamii. Takwimu zinakataa. Shirika la Afya Duniani lilieleza mwaka 2025 kwamba mtu 1 kati ya 6 duniani huathiriwa na upweke, na kwamba katika nchi za kipato cha chini kiasi cha asilimia 24 ya watu waliripoti kuwa wapweke, mara mbili ya nchi tajiri, ambako ni kama asilimia 11. Anayeijua historia ya Nairobi hatashangaa. Mshahara usiotosha kumweka mke mjini, safari ya kazini inayomla mtu nusu ya jioni, kodi inayomhamisha kila baada ya miezi michache kabla hajajua jina la jirani: hayo ndiyo mambo yanayozaa upweke, na yamewapata maskini kwanza.

Kwa hiyo ushauri wa kumwambia mpweke atoke ajichanganye na watu haufiki mbali. Wanaume wa landhi hawakuokolewa na ushauri. Waliokolewa na saa maalumu na mahali maalumu ambapo kukosekana kwao kulionekana: zamu ya ugali, kikao cha Jumapili, uwanja wa mpira. Wanawake wa Pumwani waliokolewa na nyumba walizozimiliki, kwa kuwa mwenye nyumba hahamishwi na kodi, na asiyehamishwa hujulikana. Mji unaopanga barabara na kusahau kumbi, unaoruhusu ghorofa nane za vyumba bila uga mmoja wa watoto wala baraza moja ya wazee, unairudia kazi ya miaka ya 1920 bila kujua, na bila hata kisingizio cha mkoloni. Kamati ya 1954 ilifika nusu ya njia ilipokiri kwamba mtu hawezi kupigiwa hesabu peke yake. Nusu iliyobaki ni ya wanaoidhinisha ramani za nyumba leo, na swali la kuwauliza ni dogo: mpangaji wa chumba hiki asipoonekana siku mbili, mmemjengea wapi mtu wa kumwulizia?